Kukopa harusi, kulipa matanga: serikali ikishindwa kulipa deni, Kalobeyei hufikiwa na nini?

Gunia la mchele likishushwa Kilindini lina safari ya zaidi ya kilomita 1,200 kabla ya kufika Kalobeyei. Hupita Nairobi, Eldoret na Kitale, likateremka kuingia joto la Turkana, likafika Lodwar, kisha likaongeza kilomita kama 120 hadi Kakuma na makazi ya Kalobeyei yaliyo jirani yake.

Januari 2024 niliifuata njia hiyo ndani ya lori, pamoja na mpwa wangu ambaye ni dereva. Kalobeyei tulishusha mzigo kwa mama mmoja mwenye duka la mabati, mkimbizi kutoka mashariki ya Kongo. Mama alilalamikia bei. Mpwa wangu akamwambia, "Mama, dola imepanda." Yule mama akacheka. "Dola mimi sijaishika tangu nizaliwe," akasema. "Mbona ipande kwangu?"

Sikuwa na jibu la haraka. Wakati ule nchi nzima ilikuwa ikinong'ona jambo moja: Kenya ilikuwa na deni la dola bilioni 2 la kulipwa tarehe 24 Juni 2024, na haikujulikana fedha zitatoka wapi. Wengi waliamini hayo ni mambo ya Nairobi na London. Makala haya yanaeleza serikali ikishindwa kulipa deni hutokea nini, na kwa nini jambo hilo humfikia hata mtu asiyewahi kuiona dola.

Kushindwa kulipa ni nini hasa?

Mtu akishindwa kulipa deni, mwia humpeleka mahakamani, dalali akaja, nyumba ikapigwa mnada. Nchi haipigwi mnada. Serikali huhesabiwa imeshindwa pale siku ya kulipa riba au mtaji inapofika, muda wa ziada uliokubaliwa ukapita, ambao kwa hatifungani nyingi ni siku 30, na fedha zikawa hazijaonekana. Wakati mwingine serikali hutangaza yenyewe kwamba imesimamisha malipo. Wakati mwingine huwaomba wadai wakubali kulipwa kidogo zaidi, au baada ya miaka mingi zaidi. Huko ndiko kunakoitwa kupanga upya deni.

Wadai wa serikali ni wa aina nne. Wapo walionunua hatifungani zinazouzwa nje kwa dola, ambazo Wakenya tumezizoea kwa jina la Yurobondi. Zipo serikali nyingine, kama China, ambayo mkopo wake kupitia benki ya Exim ndio uliojenga reli ya SGR kutoka hapa Mombasa, na zile za kundi la Klabu ya Paris. Zipo taasisi kubwa kama Benki ya Dunia, Shirika la Fedha Duniani (IMF) na Benki ya Maendeleo ya Afrika. Na wapo wadai wa nyumbani: benki, kampuni za bima, mifuko ya pensheni, na watu wa kawaida wanaonunua hati za Hazina. Deni la Kenya lilivuka shilingi trilioni 10 mwaka 2023, na karibu nusu yake lilidaiwa humu humu nchini.

Sisi Waislamu tumefundishwa kumpa muda mdaiwa aliye katika dhiki, na tumefundishwa pia kwamba deni si jambo la mchezo hata kwa maiti. Kati ya nchi na nchi hakuna kadhi wa kuyasimamia hayo. Hakuna mahakama ya dunia inayoweza kuwaambia wadai wote wasubiri kwa pamoja. Kila mwia hujitetea kivyake, na hiyo ndiyo sababu kubwa ya mazungumzo kuchukua miaka.

Historia iliyo karibu nasi

Jambo hili si geni katika mwambao wetu. Karne ya 19 forodha ya Zanzibar ilikodishwa kwa nyumba ya biashara ya Jairam Shivji. Masultani walikopa kwa mtu yule yule aliyewakusanyia ushuru, deni likakua, na Sayyid Barghash alipokalia kiti mwaka 1870 alirithi pamoja nacho madai ya wafanyabiashara hao. Mwia akishika forodha, mwenye nchi hana sauti kubwa. Misri yaliifika makubwa zaidi: Khedive Ismail alishindwa kulipa mwaka 1876, Wazungu wakaunda tume ya kusimamia mapato ya nchi, na mwaka 1882 jeshi la Uingereza likaingia.

Wazee wa Tanga na wa Dar es Salaam wanakumbuka mwanzo wa miaka ya 1980. Tanzania iliishiwa fedha za kigeni, malimbikizo ya madeni yakapanda, na sukari na sabuni zikawa vitu vya kupangiwa foleni. Mwaka 1986 nchi ilikubaliana na IMF, shilingi yake ikashushwa thamani, na mwaka huo huo Klabu ya Paris ikapanga upya madeni yake.

Nasi Kenya tunapenda kujisifu kwamba hatujawahi kushindwa. Si kweli yote. Novemba 1991 wafadhili walisimamisha misaada. Ikafuatia kashfa ya Goldenberg, na mwaka 1993 mfumuko wa bei ulifika takriban asilimia 46, huku riba ya hati za Hazina za miezi mitatu ikipita asilimia 80. Malimbikizo yalikuwa mengi hadi Januari 1994 Kenya ikaenda Klabu ya Paris kuomba madeni yapangwe upya. Ilirudi tena mwaka 2000 na 2004. Kambi ya Kakuma ilifunguliwa mwaka 1992, kwa hiyo wakimbizi wa kwanza waliofika pale waliyaanza maisha yao Kenya katikati ya msukosuko huo.

Njia tano za madhara

Deni likishindikana, madhara hayaji yote kwa siku moja wala kwa mlango mmoja. Yana njia tano.

Njia ya kwanza ni sarafu. Wenye fedha wakiingiwa na hofu, huuza shilingi wakanunua dola. Dola hupanda hata kabla ya serikali kukosa kulipa, kwa sababu soko halingoji siku ya mwisho. Mwanzoni mwa 2022 dola moja ilikuwa takriban shilingi 113. Mwishoni mwa Januari 2024 ilikuwa karibu 160. Tuchukue mfano wa mchele wa dola 600 kwa tani. Kwa kiwango cha 113, tani hiyo ni shilingi 67,800. Kwa kiwango cha 160, ni shilingi 96,000. Tani moja ni magunia 20 ya kilo 50, kwa hiyo kila gunia limeongezeka shilingi 1,410 likiwa bado lipo Kilindini, kabla ya nauli, kabla ya dizeli, kabla ya faida ya mtu yeyote. Ni kweli kwamba sababu haikuwa dola peke yake, maana India nayo ilizuia kuuza nje baadhi ya mchele wake kuanzia Julai 2023. Lakini hesabu ya dola ilikuwa juu ya hayo yote.

Majirani wa Turkana upande wa kaskazini waliliona hilo kwa ukali zaidi. Ethiopia ilishindwa kulipa riba ya dola milioni 33 mnamo Desemba 2023. Julai 2024, ili ipate mkopo wa IMF, iliiacha birr ijitafutie bei sokoni, na ndani ya miezi michache dola iligharimu birr mara mbili ya zamani.

Njia ya pili ni riba. Serikali isiyoaminiwa hukopa kwa bei ghali, na bei hiyo huwa kipimo cha wengine wote. Februari 2024 Benki Kuu ya Kenya ilipandisha riba yake ya msingi hadi asilimia 13. Mwezi huo huo serikali iliuza hatifungani ya miundombinu kwa riba ya zaidi ya asilimia 18. Benki ikipewa asilimia 18 na serikali, ina haja gani ya kumkopesha mwenye duka? Mwenye duka la jumla wa Kitale akinyimwa mkopo, naye huacha kutoa mali kauli kwa wa Lodwar, na wa Lodwar kwa wa Kakuma. Biashara ya kule kwa sehemu kubwa huendeshwa kwa mali kauli: chukua leo, uza, lipa mwezi ujao. Utafiti wa shirika la IFC uliotolewa mwaka 2018 ulikuta maduka zaidi ya 2,000 Kakuma. Mengi ni madogo, na mtaji wa mengi ni uaminifu tu. Uaminifu ukikauka juu, hukauka hadi chini.

Njia ya tatu ni akiba za watu. Serikali ikishindwa kulipa deni la ndani, benki na mifuko ya pensheni hupata hasara, kwa kuwa wao ndio wakopeshaji. Ghana ilisimamisha malipo ya sehemu kubwa ya deni la nje mnamo Desemba 2022, na ikawataka wenye hatifungani za ndani wazibadilishe kwa nyingine zenye riba ndogo na muda mrefu. Mapema 2023 wazee wastaafu walikwenda kuketi nje ya Wizara ya Fedha mjini Accra kudai jasho lao, na hatimaye wakaondolewa katika mpango huo. Mfumuko wa bei nchini humo ulikuwa umefika asilimia 54. Mwalimu wa Lodwar anayekatwa NSSF kila mwezi anadhani hana hisa katika deni la taifa. Anayo, maana sehemu ya akiba yake imekopeshwa serikali.

Njia ya nne ni bidhaa za nje. Nchi ikikosa dola, meli haishushi mzigo kwa ahadi. Sri Lanka ilitangaza kusimamisha malipo Aprili 2022. Watu walilala kwenye foleni za petroli, dawa zikaadimika hospitalini, na Julai rais akaikimbia nchi. Kenya nayo ilipokosa dola za kutosha za mafuta mwaka 2023, ilifanya mapatano na kampuni za Saudia na Falme za Kiarabu yaanze Aprili: mafuta yaje sasa, yalipwe baada ya siku 180. Kwa lugha ya duka, nchi nzima ilichukua mafuta kwa mali kauli. Kalobeyei, ambako karibu kila kilicho dukani kimebebwa na lori, kukosekana kwa dizeli wiki mbili ni njaa.

Njia ya tano ni bajeti. Serikali iliyofungiwa mlango wa mikopo hulazimika kuishi kwa kodi inayokusanya tu, na inayokusanya haitoshi. Zambia ilikosa kulipa riba ya dola milioni 42.5 mnamo Novemba 2020. Ilikubaliana na serikali zilizoidai Juni 2023, na wenye hatifungani wakamalizana nayo mwaka 2024. Karibu miaka minne ya kusubiri. Katika muda huo ilifuta mikopo ya miradi ambayo fedha zake zilikuwa hazijatolewa, na barabara zilizoahidiwa zikabaki ahadi.

Kenya iliponea wapi?

Mkopo wa dola bilioni 2 uliotutia hofu ulichukuliwa mwaka 2014, kwa riba ya asilimia 6.875. Februari 2024 serikali iliuza hatifungani mpya ya dola bilioni 1.5, na ili wanunuzi wakubali ilibidi wapewe faida ya zaidi ya asilimia 10 kwa mwaka. Kwa fedha hizo ikalipa sehemu kubwa ya deni la zamani mapema. Dola ikashuka hadi karibu shilingi 130, na Juni ikapita bila aibu.

Tulipumua, lakini tulichofanya ni kufunga shimo kwa kuchimba jingine lenye riba kubwa zaidi. Na bei ya kutoshindwa ililipwa na watu. Tangu Aprili 2023 mishahara ya watumishi wa umma ilipochelewa, mshauri wa uchumi wa Rais, David Ndii, alisema wazi hadharani kwamba chaguo lilikuwa kati ya mishahara na kushindwa kulipa deni. Mwaka 2024 madaktari waligoma siku 56, na kiini cha ugomvi kilikuwa malipo ya madaktari wanagenzi ambayo serikali ilisema haina uwezo nayo. Kisha ukaja Mswada wa Fedha wa 2024, uliokusudia kuongeza mapato kwa zaidi ya shilingi bilioni 340. Tarehe 25 Juni 2024, siku moja baada ya ile iliyoogopwa kwa miezi, vijana waliingia Bunge. Makumi ya Wakenya waliuawa katika maandamano ya msimu ule. Rais akakataa kutia sahihi mswada, na wiki mbili baadaye shirika la Moody's likaishusha zaidi Kenya katika daraja za uaminifu wa kulipa.

Nani hunyimwa kwanza?

Hapa ndipo penye jambo ambalo wachumi wa televisheni hawalisemi kwa uwazi. Serikali iliyobanwa haiachi kuwalipa wote kwa pamoja. Huchagua nani alipwe na nani angoje.

Katiba yetu yenyewe imeanza kupanga foleni. Kifungu cha 214 kinaliweka deni la umma moja kwa moja juu ya Mfuko Mkuu wa Serikali, na kifungu cha 203 kinasema mahitaji ya deni yazingatiwe wakati wa kugawa mapato kati ya serikali kuu na kaunti. Kaunti nazo zimeahidiwa si chini ya asilimia 15 ya mapato, zipewe bila kucheleweshwa. Lakini tumeona kinachotokea. Mwaka 2023 magavana walilalamika kwa miezi kwamba mgao haujafika. Mwaka wa fedha wa 2024/25, baada ya mswada ule kuanguka, mgao wa kaunti ulikatwa kutoka shilingi bilioni 400.1 hadi bilioni 387.4. Riba ya wenye hatifungani haikukatwa hata senti.

Nyuma zaidi kwenye foleni wapo wakandarasi na wauzaji waliozihudumia serikali, ya kitaifa na za kaunti, na ambao madai yao yamefika mamia ya mabilioni ya shilingi. Aliyejenga zahanati, aliyeleta dawa, aliyepika chakula cha semina, wote wana karatasi mkononi na hawana fedha. Kwa maana halisi ya neno, Kenya imeshashindwa kulipa. Imeshindwa kumlipa fundi wa Lodwar ili isishindwe kumlipa tajiri wa London. Ulimwengu huliita la pili janga, na la kwanza huliita malimbikizo.

Kalobeyei kati ya mikono miwili

Kwa nini nimeichagua Kalobeyei, wakati Kwale, Tana River na Lamu nazo zinaumia? Kwa sababu pale unaona mambo mawili yakikutana.

Makazi ya Kalobeyei yalifunguliwa mwaka 2016 kwenye ardhi ya takriban hekta 1,500 Turkana Magharibi. Hayakukusudiwa yawe kambi nyingine. Nia ilikuwa mkimbizi na mwenyeji waishi pamoja, wasome shule moja, watibiwe zahanati moja, wauziane sokoni. Badala ya gunia la msaada, wakazi walipewa fedha za chakula kupitia simu, mpango ulioitwa Bamba Chakula, ili wanunue wenyewe madukani. Mpango mkubwa wa eneo hilo, KISEDP, ulieleza kwamba hatua kwa hatua huduma zitatoka mikononi mwa mashirika ya misaada na kuingia katika mfumo wa serikali na wa Kaunti ya Turkana. Machi 2025 serikali ilizindua Mpango wa Shirika wenye mwelekeo huo huo kwa kambi zote.

Ni fikra nzuri. Lakini inadai jambo moja: mkono wa pili uwe na nguvu za kupokea kabla mkono wa kwanza haujaachia. Mwaka 2025 mkono wa kwanza uliachia ghafla. Marekani ilipokata misaada yake, WFP ilipunguza mgao wa chakula Kakuma na Kalobeyei hadi karibu asilimia 28 ya kiwango kamili, na wakimbizi wakaandamana. Mkono wa pili ni wa kaunti ambayo ni miongoni mwa maskini zaidi katika takwimu za KNBS, inayotegemea mgao wa Nairobi kwa karibu kila kitu, na Nairobi inatumia zaidi ya nusu ya mapato ya kodi kuhudumia madeni.

Sasa fikiria mwaka ambao Kenya inashindwa kweli. Bei dukani zinapanda kwa sababu ya dola. Fedha ya Bamba Chakula, ambayo kila mtu hutengewa kwa shilingi, inanunua kidogo zaidi. Mwenye duka hapati tena mali kauli. Mgao wa kaunti unachelewa miezi minne badala ya miwili, na muuguzi anangoja mshahara. Barabara ya kwenda Lokichogio ikiharibiwa na mvua haina wa kuitengeneza. Mturkana anayeuza mbuzi na kuni kwa mkimbizi anakosa mnunuzi. Hakuna hata mmoja kati ya hao aliyekopa. Reli ya SGR haikufika Turkana, lakini deni lake limefika.

Kuna wakazi wa pale wasiohitaji kuelezwa. Wengi wametoka Sudan Kusini, ambako serikali iliweka rehani mafuta ambayo bado hayajachimbwa, na watumishi wake wakakaa miezi mingi bila mishahara. Wanaijua sura ya jambo hili.

Basi tusilipe?

Vijana wengi wananiambia: madeni haya yaliliwa, kwa nini tuyalipe? Hasira yao naielewa. Msumbiji, majirani zetu wa kusini mwa mwambao, waligundua mwaka 2016 kwamba kampuni za serikali zilikuwa zimekopa kwa siri. Pamoja na mkopo wa boti za kuvulia jodari, madeni hayo yalifika takriban dola bilioni 2, na wavuvi hawakuona faida yake. IMF na wafadhili wakasimamisha fedha, sarafu ikaporomoka, na Januari 2017 nchi ikashindwa kulipa. Aliyeumia alikuwa mwananchi ambaye hata habari za deni hakupewa.

Somo ninalolipata hapo ni kwamba kukataa kulipa hakumwadhibu aliyekula. Aliyekula ana dola zake nje, na dola ikipanda yeye hutajirika. Kushindwa kulipa ni kodi nyingine, na hutozwa kwanza yule aliye mwisho wa barabara.

Lakini silikubali pia neno la Hazina kwamba kulipa kwa gharama yoyote ndiyo heshima. Ikiwa deni halilipiki bila kufunga zahanati, basi ni afadhali kwenda kuzungumza na wadai mapema, na nchi bado ina akiba mkononi, kuliko kungoja hadi mlango ufungwe. Walioumia zaidi ni waliochelewa. Sri Lanka ilitumia dola zake hadi zikakaribia kwisha ndipo ikasema imeshindwa, na mazungumzo yakaanza bila fedha za dawa wala petroli. Anayekwenda kwa mwia wake mapema huongea. Anayefumaniwa huamriwa.

Na mazungumzo hayo yakifanyika, kuna mambo matatu tunayopaswa kuyadai kwa wabunge na maseneta wetu, sisi wa Pwani pamoja na wenzetu wa Turkana. La kwanza, mikataba yote ya mikopo iwekwe wazi, maana deni la siri halina mtetezi. La pili, mgao wa kaunti, mishahara ya wauguzi na dawa viwekewe ulinzi wa sheria ulio karibu na ule wa riba, ili Nairobi isipate urahisi wa kuwanyima wa mbali. La tatu, madai ya wakandarasi wadogo yaandikwe katika hesabu ya deni la taifa kama deni jingine lolote. Hapo ndipo tutakapojua tunadaiwa kiasi gani hasa na nani anatudai.

Wahenga walisema kukopa harusi, kulipa matanga. Walikuwa wakimfikiria mtu mmoja, aliyecheza ngoma yeye na akalia yeye. Kwa serikali mambo ni tofauti: harusi huchezwa Nairobi, matanga hukaliwa Kalobeyei.

Mwaka mmoja baadaye nilimwomba mpwa wangu, akishusha mzigo kule, amsalimie yule mama. Alirudi akaniambia duka limefungwa, mabati yameng'olewa, na hapana aliyejua alikokwenda. Jibu la swali lake nilikuwa nimekwishaliandaa.